Hivi, kucheka nako kunahitaji kibali?

Wale mlioniuliza kimya chote hiki nilikuwa nimejichimbia wapi, jibu ni fupi: TP. Wiki nane nzima nimekuwa mwalimu wa Kiswahili ng'ambo ya Kigamboni. Alfajiri natoka kwa mama mkubwa Kariakoo, nateremka hadi Feri, navuka na pantoni pale Magogoni nikiwa nimebanwa kati ya ndoo za samaki na bodaboda, jioni narudi hivyo hivyo. Sasa niko chuoni Chang'ombe tena, mitihani inanukia, bumu limeisha kabla halijaingia, lakini kuna jambo limenikaa kichwani na nisipoliandika usiku huu sitalala.

Jambo lenyewe ni vichekesho. Sisemei vile vya mtu kukanyaga ganda la ndizi akaanguka. Nasemea vile vinavyochota kwenye mambo ya kweli, yaliyotokea, yenye wenyewe, na wenyewe bado wapo na mihuri yao mezani. Hivyo ndivyo vinavyoleta kesi.

Mnajua jina la Magogoni lina maana mbili hapa mjini. Ya kwanza ni foleni ya kivuko. Ya pili ni Ikulu, kwa sababu iko pale pale, miti yake mikubwa unaiona ukiwa juu ya maji. Hata baada ya Ikulu ya Chamwino kuzinduliwa kule Dodoma mwezi Mei 2023, mtu wa Dar akikwambia "Magogoni wameamua" huulizi ni nani. Basi kwenye pantoni letu kulikuwa na muuza karanga mmoja ambaye kila asubuhi alikuwa anahutubia. Anapandisha suruali hadi juu ya kitovu, anakohoa, anasema "ndugu zangu" kwa sauti fulani, halafu anatangaza bei ya karanga. Watu hoi. Hakuwahi kutaja jina la mtu, hata siku moja. Hana haja, jina tunalo sisi abiria.

Shikeni hapo, maana ndiyo hoja yangu yote. Kichekesho cha mambo ya kweli nusu yake anayo mchekeshaji, nusu yake anayo msikilizaji. Na ile nusu ya msikilizaji haikamatiki.

Tuchukue kesi ambayo kila mtu wa rika langu anaikumbuka. Tarehe 29 Oktoba 2019 Rais John Magufuli alitimiza miaka 60. Idris Sultan, mchekeshaji aliyepata jina kubwa baada ya kushinda Big Brother Africa mwaka 2014, akaweka mtandaoni picha za kubadilishana sura, yake na ya Rais. Aliyekuwa Mkuu wa Mkoa wa Dar es Salaam wakati huo, Paul Makonda, akamtaka aripoti polisi. Akaenda, akahojiwa. Haikupita miezi mingi, Mei 2020, akakamatwa tena, na safari hii hata mimi niliyekuwa bado nimevaa sketi ya shule nilishangaa. Ilikuwa ni video tu. Ndani yake anaonekana akiangalia picha ya zamani ya Rais, na anacheka. Mwisho wa video.

Alipofikishwa mahakamani Kisutu, shtaka lililosomwa halikuwa la kucheka. Lilikuwa la laini ya simu iliyosajiliwa kwa jina la mtu mwingine. Ukitafakari unaona ugumu wa mwendesha mashtaka. Utaandikaje kwenye hati ya mashtaka kwamba mtu alicheka? Utamwita shahidi aje aeleze kilichochekesha? Akieleza vizuri, si mahakama nzima itacheka?

Na tusidhani ni bongo peke yake. Mwaka huo huo, Julai 2020, kule Uganda kundi la wachekeshaji linaloitwa Bizonto lilikamatwa kwa sababu ya igizo fupi lililotaja nani ameshika vyeo gani na anatoka upande gani wa nchi. Tena walichofanya zaidi ni kuorodhesha majina yaliyokuwa yanajulikana. Kenya wao walianza mapema. Redykyulass walianza kumwiga Rais Moi kwenye televisheni akiwa bado madarakani, na mmoja wao, John Kiarie, baadaye aligombea na mwaka 2017 akawa mbunge wa Dagoretti Kusini.

Hilo la mchekeshaji kuingia kwenye siasa msilishangae, maana sisi tuliwatangulia zamani sana. Kwenye kozi ya sanaa za maonyesho nimegundua kitu ambacho sikuwahi kufundishwa shule. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya kikoloni ya Tanganyika ilishirikiana na kampuni ya filamu ya Afrika Kusini kutengeneza sinema za Kiswahili. Moja iliitwa Muhogo Mchungu, ni kichekesho cha mtu wa shamba anayekuja mjini na kukutana na ujanja wa mjini. Mhusika mkuu aliigizwa na kijana mmoja mfanyakazi wa serikali, jina lake Rashidi Mfaume Kawawa. Ndiyo, huyo huyo, Simba wa Vita! Mwaka 1955 akawa katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, Januari 1962 akawa Waziri Mkuu baada ya Mwalimu Nyerere kung'atuka kwenye nafasi hiyo, na alipofariki Desemba 2009 magazeti yalijaa mambo ya ukombozi. Yale ya sinema hayakupewa nafasi kubwa.

Sasa angalieni kwenye ile sinema anachekwa nani. Anachekwa mtu wa shamba. Ushamba wake, kushangaashangaa kwake, kutapeliwa kwake. Mkoloni aliyemtoza huyo mtu kodi hachekwi. Bwana Shauri hachekwi. Na filamu haikusumbuliwa na mtu, kwa sababu anayetoa kibali na anayetengeneza kichekesho walikuwa nyumba moja.

Baada ya uhuru tukatunga sheria yetu wenyewe: Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Namba 4 ya mwaka 1976. Ukitaka kutengeneza filamu unaomba kibali kwanza, na maelezo ya hadithi yako yanapitiwa kabla hujawasha kamera. Waziri Mkuu wa nchi mwaka 1976 alikuwa nani? Kawawa, kipindi chake cha pili. Sisemi kwa ubaya, marehemu namheshimu. Nasema tu kwamba mtu aliyewahi kuishi kwa kuwachekesha watu alikuwa mezani serikali ilipoweka utaratibu wa vichekesho.

Pamoja na sheria, watu hawakuacha kucheka. Radio Tanzania walikuwa na Pwagu na Pwaguzi, mama mkubwa akisikia majina hayo mpaka leo anatabasamu. Miaka ya 80 na 90 vikundi kama Muungano na TOT vilizunguka kwenye kumbi na baa na vichekesho, sarakasi, ngoma na taarabu kwa tiketi moja. Halafu wakaja Mzee Small na King Majuto kwenye kanda na CD, zile zilizokuwa zinajaa kwenye maduka ya Kariakoo na kuonyeshwa kwenye vibanda umiza. Na kwenye miaka ya 2000 wakaja vijana wa Ze Comedy pale EATV: Joti, Masanja, Mpoki, Wakuvanga, Mac Regan na Vengu. Hawa ndio waliogeuza meza. Waliiga viongozi, sauti na mwendo, wiki kwa wiki. Mwaka 2008 wakahamia TBC, ukatokea ubishi wa jina, wakawa Orijino Komedi. Fikirieni, mwaka ambao Waziri Mkuu Edward Lowassa alijiuzulu kwa ajili ya sakata la Richmond, ndio mwaka ambao televisheni ya taifa ilichukua kundi linalofahamika kwa kuiga wakubwa. Kaka zangu wananiambia siku ya kipindi mtaa ulikuwa mweupe, hata mangi alikuwa anafunga duka aende kwa jirani mwenye TV.

Kwa hiyo kichekesho cha kweli hapa kwetu sio kitu kigeni. Na hata kabla ya redio kulikuwa na utani. Nilipofiwa na babu mzaa mama, upande wetu ni Wazaramo, wakaja watani wetu Wanyamwezi msibani. Mmoja akachukua kofia na bakora ya marehemu, akatembea uani vile vile babu alivyokuwa anatembea, akadai pesa alizokuwa anadaiwa, akakataa kulipa kwa sauti ile ile ya babu. Bibi alikuwa analia, akacheka katikati ya kilio. Hakuna aliyesema mtani amemtukana marehemu. Utaratibu ulikuwa umempa nafasi, na aliyekuwa anachekwa ndiye mwenye msiba mwenyewe, mwenye nyumba. Wazee walijua mtu asiyeweza kuchekwa ni mzigo kwa ukoo.

Sasa mnivumilie niwapeleke Ulaya mara moja, Albania. Mtasema Albania na sisi wapi na wapi. Nchi hizi mbili zilikuwa marafiki wa China wakati mmoja. Tarehe 25 Oktoba 1971, pale Umoja wa Mataifa walipopiga kura ya kuirudishia China ya Mao kiti chake, azimio lile lilikuwa linaitwa la Albania, na Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi zilizolidhamini, balozi wetu akiwa Salim Ahmed Salim, kijana wa miaka 29 tu. Kwa hiyo tulikuwa tunakaa benchi moja.

Rafiki yangu wa darasani aliniletea kwenye flashi sinema moja ya huko, inaitwa Parullat, maana yake kaulimbiu. Ilitoka mwaka 2001, mwongozaji ni Gjergj Xhuvani, na hadithi imetokana na maandishi ya Ylljet Aliçka ambaye mwenyewe alishawahi kuwa mwalimu milimani enzi za utawala wa Enver Hoxha. Ilipita Cannes, na mwaka huo huo ikachukua tuzo kubwa ya tamasha la Tokyo. Ni kichekesho, lakini kile kichekesho cha kukukaba koo. Mwalimu kijana wa baiolojia anapangiwa shule ya kijijini mlimani. Akifika anaelezwa kazi: kila mwalimu na darasa lake wana kaulimbiu ya chama ya kuiandika mlimani kwa mawe yaliyopakwa rangi nyeupe, isomeke kutoka mbali. Baiolojia itasubiri. Mwalimu mwenye bahati anapewa kaulimbiu fupi, mwenye nuksi anapewa ndefu, maana kila herufi ni mawe ya kubebwa na watoto. Na jambo lenyewe halikuwa la kutunga. Nchi ile ilikuwa na maandishi ya mawe milimani kweli. Juu ya mlima Shpirag, karibu na mji wa Berat, mwaka 1968 vijana waliandika jina ENVER kwa herufi kubwa mno. Mwaka 2012, utawala ule ukiwa umeshapita zamani, msanii mmoja aitwaye Armando Lulaj na wenzake wakapanda, wakabadilisha nafasi za herufi mbili za mwanzo, ikawa NEVER. Kwa Kiingereza, kamwe. Teh teh teh. Hawakuongeza herufi wala kupunguza.

Nilivyokuwa naangalia ile sinema sikucheka kama mgeni. Nani kati yetu hajasoma shule ya mawe meupe? Njia ya kuelekea ofisi ya mkuu ina mawe ya chokaa pande zote mbili, bustani imeandikwa KARIBU kwa mawe, na ukiona chokaa mpya asubuhi unajua kuna mgeni anakuja. Tumebeba yale mawe. Tumepaka kwa mikono. Na kaulimbiu tumeimba: Siasa ni Kilimo ya mwaka 1972, Mtu ni Afya ya 1973, Kilimo Kwanza ya 2009, Hapa Kazi Tu ya 2015. Nyingine zilifanya kazi ya maana kweli, Mtu ni Afya ilichimbisha watu vyoo vijiji vizima, siwezi kuikejeli. Lakini ile picha ya mwalimu anayepimwa kwa mawe badala ya somo ilinigusa mahali, kwa sababu ya kilichotokea huko TP.

Basi bwana. Shule niliyopangiwa siitaji, na haina tofauti na nyingine nyingi. Inajiandaa kwa mahafali ya kidato cha nne. Mimi kama mwalimu wa Kiswahili nikapewa klabu ya sanaa: ngonjera moja, igizo moja, dakika kumi na tano. Nikawaambia vijana wa kidato cha tatu watunge wenyewe. Mtihanini wanakariri kwamba tamthilia zipo tanzia, ramsa na futuhi, sasa nataka waniletee futuhi ya kwao, itoke kwenye maisha wanayoyaona.

Wakaleta. Igizo linaitwa Uzinduzi. Lina mgeni rasmi mwenye tumbo la mto, lina mpiga picha, lina utepe, na lina bomba. Kha! Nikajua tumefika. Maana shuleni pale kuna bomba kweli, limejengewa na kigae, lina kibao cha jina na tarehe ya uzinduzi, na halina maji. Wanafunzi wanasema siku ya uzinduzi lilitoka maji vizuri kabisa, kwa sababu usiku wake boza lilikuja kujaza tenki. Boza liliisha, maji yakaisha. Tangu hapo wasichana wanabeba madumu kutoka kwa jirani kabla ya kengele ya kwanza, na wale wa zamu ya vyoo wanakosa kipindi cha kwanza, ambacho mara tatu kwa wiki ni cha kwangu. Nimewahi kufundisha nomino za ngeli ya YA-YA darasa likiwa nusu, mfano wangu ubaoni ukiwa "maji yamekwisha". Hawakucheka, walikuwa wamechoka.

Utaratibu ni kwamba igizo lisomwe kwanza na mkuu wa shule. Nikampelekea. Alisoma ukurasa wa kwanza akacheka, wa pili akacheka hadi akavua miwani. Ukurasa wa tatu akanyamaza. Akaniuliza, "Mwalimu, haya ya boza nani kawaambia?" Nikamjibu, "Mkuu, walikuwepo." Akafunga daftari. Akasema siku ya mahafali watakuja watu wa wilaya, na kipande cha bomba kitoke chote, maneno yote. Hakugomba. Alisema kama mtu anayemwomba mwenzake amshikie mwavuli. Na mimi nikiwa nimekaa pale nilikuwa naona fomu yangu ya tathmini juu ya meza yake, ile anayojaza na kugonga muhuri, bado nyeupe.

Nikarudi kwa vijana nikawaeleza kama nilivyoambiwa, bila kupamba. Nikawaambia pia kwamba igizo ni lao, wakitaka kuliondoa lote waliondoe. Kimya. Halafu dada mmoja, ndiye aliyelitunga sehemu kubwa, akanyoosha mkono. "Madam, wamesema maneno yote yatoke?" Ndiyo. "Vitendo je?" Nikarudisha kumbukumbu ya alichosema mkuu. Maneno. Alisema maneno.

Siku ya mahafali igizo likaenda vizuri hadi kufika pale. Kwenye bomba hakuna aliyefungua mdomo. Mgeni rasmi akakata utepe. Akafungua bomba. Akakinga mikono. Akangoja. Akaangalia mpiga picha. Akaanza kunawa, anasugua kiganja, anapanda hadi kiwiko, ananawa uso, anasukutua, anatema pembeni, anatoa leso anajifuta taratibu kabisa, halafu anapiga makofi na kuondoka. Haikufika dakika moja. Wazazi waliokaa kwenye zile turubai, ambao ndio wanaowauzia shule maji kwa ndoo au kuwapa watoto madumu wakitoka nyumbani, walicheka mpaka mzee mmoja akashuka kwenye kiti. Wageni wa wilaya nao walicheka, sijui walikuwa wanacheka nini. Mkuu wa shule alikuwa amejiziba mdomo na ratiba ya mahafali, mabega yanatikisika.

Wiki iliyofuata yule dada akapewa barua ya kuleta mzazi. Mwalimu wa nidhamu alimwambia mama kwamba binti yake ameiaibisha shule mbele ya wageni. Nilikuwepo ofisini nasahihisha. Mama, bado ana kanga ya sokoni, akauliza, "Amesema nini?" Mwalimu akafikiri. "Hakusema kitu." Mama akaangalia huku na huku. "Sasa mimi nimeitiwa nini?" Jamani, wadau, niliinamisha kichwa kwenye madaftari nisionekane uso. Lakini yule dada pembeni alikuwa hacheki. Alikuwa anatetemeka, kwa sababu mwakani ndio mtihani wake, na barua zikifika tatu mtu anasimamishwa. Hapo ndipo nilipoacha kuona jambo hili kuwa la raha tu.

Aliyemaliza ni mkuu mwenyewe. Alitoka ofisini, akamwambia mama arudi kwenye biashara yake, mtoto aende darasani. Barua akaichukua. Jioni, nikisubiri muhuri wangu, akaniambia, "Mwalimu, hata mimi naoga kwa ndoo. Lakini ile taarifa kwamba mradi umekamilika nimeisaini mimi." Akajaza fomu, akagonga muhuri. Hatukuzungumza zaidi.

Tangu siku hiyo nimeelewa kitu ambacho kwenye kesi za mitandaoni sikuwa nakiona. Anayekataza kichekesho si lazima awe mtu mbaya, na mara nyingi naye anakielewa kuliko wote. Mkuu alicheka kurasa mbili kabla hajaogopa. Kinachomtisha ni kwamba igizo ni kweli, na kwamba kuna mtu juu yake ambaye naye ana mtu juu yake, na kila mmoja amesaini. Kicheko kikianza chini kinapanda ngazi ile ile ambayo taarifa ya bomba ilipandia.

Nawajua wenzangu watakaosema, dada, heshima iko wapi? Kila mtu akianza kumkejeli mkubwa wake nchi itakuwaje? Hoja ni ya kweli, mimi nimelelewa kwa shikamoo na nitawalea wengine kwa shikamoo. Lakini naomba tupime kwa mizani moja. Washeni runinga au simu zenu sasa hivi, muone komedi zetu zinamcheka nani. Mfanyakazi wa ndani kutoka mkoani na lafudhi yake. Mlemavu. Mke mnene. Chizi wa mtaani. Mshamba aliyefika Kariakoo kwa mara ya kwanza, Muhogo Mchungu mpaka leo, zaidi ya miaka sabini. Ni lini mmesikia mtu ameitwa kituoni kwa kumcheka hausigeli? Heshima inayolinda waliojuu peke yao wazee wetu wasingeiita heshima, maana kwenye utani wao bakora ya mwenye nyumba ndiyo iliyoigwa kwanza.

Nitakapoajiriwa, Mungu akipenda, na majina yakitoka, nitaendelea kuwaambia watoto watunge kutoka kwenye wanayoyaona. Sitawadanganya kwamba hakuna gharama. Nitawaonyesha gharama ilivyo, na nitakaa mbele kwenye kiti cha mwalimu wa klabu ili barua ikija ianzie kwangu. Na nitawafundisha yale ya muuza karanga: huna haja ya kutaja jina, huna haja ya kutukana, na ukiongeza uongo hata kidogo umeharibu, kwa sababu watu wanacheka pale wanapotambua.

Mengine mtaniambia nyie. Mimi sasa hivi namalizia ripoti ya TP, kesho ndiyo mwisho wa kukusanya. Kuna sehemu inasema "Changamoto ulizokutana nazo na mapendekezo", wameacha mistari kumi. Wenzangu wameijaza yote: vitabu, msongamano, utoro. Mimi nimeandika neno moja tu.

Maji.

Alamsiki.